Jina la Mshairi Halimo Kwenye Kitambulisho

Kwa miaka thelathini Hashir alikaa dirisha la nne la ofisi yetu ya vibali vya hafla, Deira, na sijasikia kosa lililompita. Waombaji walimwogopa kuliko mkuu wetu. Alizaliwa Mombasa katika familia yenye asili ya Punjabi, akaja Dubai akiwa na miaka ishirini na tisa. Mimi, Sundus, niliajiriwa mwaka jana, mara tu baada ya chuo kikuu, nijifunze kazi yake kabla hajastaafu. Tulizungumza Kiswahili, yeye cha Mombasa, mimi Kiunguja cha nyumbani kwetu Mirdif, hapa hapa Dubai, maana babu zangu walitoka Unguja. Nilimwita Ami, na nilidhani ninamjua.

Wiki tatu kabla ya siku yake ya mwisho kazini alikuja Mubin, fundi cherehani wa mtaa wa Al Muraqqabat aliyesoma naye Mombasa, na ombi la hafla ya mashairi ya Kiurdu. Mshairi alikuwa mmoja tu: Dahliz, yaani kizingiti. Hashir alilisoma ombi ukurasa kwa ukurasa, kisha akaligonga muhuri wa kulirudisha.

"Jina la mshairi halimo kwenye kitambulisho chochote."

Mubin akacheka, kisha akaona mwenzake hacheki. "Bwana wee, wanifanyia mzaha? Dahliz si wewe?"

Nilishika ukingo wa meza. Mtu niliyekaa naye mwaka mzima, ambaye sikuwahi kumsikia akisifu hata chai, alikuwa mshairi.

"Ni mimi," alisema Hashir. "Na kanuni ya majina, kwenye ombi na ndani ya mashairi, niliiandika mimi. Lakini maadamu umesema mshairi ni mimi, ombi hili si langu tena kulikagua. Sundus, mwanangu, shika."

"Ami, naweza kulipitisha hivi hivi."

"Ulipitishe, nami nikushtaki kwa mkuu leo leo."

Hakuwa akitania. Na viza yake ilikuwa ikiisha pamoja na kazi. Mwisho wa mwezi alikuwa anarudi Mombasa kwa binti yake. Hakuwahi kusoma mashairi yake hadharani. Ikikosekana hafla hii, hakuna nyingine.

Mubin alinieleza kwamba katika mashairi haya mshairi hutia jina lake la kishairi ndani ya ubeti wa mwisho, kama muhuri. Haliondoleki. Kabla hajamaliza, Hashir alikuwa amechukua kalamu. Alikata "Dahliz" kwenye ombi na kwenye mashairi ishirini na mawili yaliyoambatanishwa nalo, na kila mahali akaandika "Hashir".

"Umevunja mizani," alisema Mubin kwa sauti ndogo. "Yote."

"Mizani ni yangu mwenyewe. Kanuni ni ya watu."

Nililigonga ombi muhuri wa kibali.

Hafla ilifanyika Ijumaa baada ya Alasiri, katika ukumbi wa hoteli ndogo ya Al Muraqqabat. Nilikwenda kama mkaguzi. Ukumbi ulijaa mafundi, madereva na wauza vitambaa, watu ambao, kumbe, walikuwa wakisomewa na Mubin mashairi hayo miaka yote dukani kwake. Hashir alisoma bila kuinua macho. Alipofika ubeti wa mwisho wa shairi la kwanza, akafungua kinywa atamke jina la kwenye kitambulisho. Ukumbi mzima ukamtangulia.

"Dahliz."

Akageuza ukurasa. Shairi la pili, ikawa vile vile. Ikawa hivyo mara ishirini na mbili, naye hakupata nafasi hata moja ya kusema "Hashir".

Watu walipoanza kutoka alinijia moja kwa moja. "Umeandika?"

"Niandike nini, Ami?"

"Limetamkwa jina lisilo kwenye kibali."

"Hukulitamka wewe."

"Sikuuliza nani. Andika."

Nilimkumbusha kwamba kosa la hafla huingia kwenye faili la msomaji, kwamba la kwake halikuwa na doa kwa miaka thelathini na zilikuwa zimebaki siku nne. Akanisogezea kalamu. Nikaandika: jina lisiloruhusiwa limetamkwa na watu wapatao mia moja.

Aliisoma ripoti yangu, akakunja uso kama afanyavyo dirishani.

"Mia moja na kumi na wawili," alisema. "Niliwahesabu wakiingia."

Nikasahihisha.