Mwezi wa Lango

Sisi wa Kibingo tuna ugonjwa wa kumsifu Kyomugisha. Ukienda kanisani anasifiwa, ukienda kisimani anasifiwa, na hao wanaomsifu sijawahi kuwaona wakimbebea ndoo. Mimi ni jirani yake. Kibanja chetu cha migomba na boma lao vinatenganishwa na njia ya ng'ombe tu, kwa hiyo nasema niliyoyaona kwa macho yangu: yule mwanamke alikuwa amechoka. Alichoka mpaka akikaa kuchambua maharage anasinzia na ungo mapajani, kuku wanakuja wanajilia.

Mumewe Anatory na watoto wao wako Kamuli, kwenye kahawa yao. Yeye alirudi hapa kwao kumuuguza mama yake, Bibi Joanitha, aliyeteleza zizini akavunjika nyonga. Alikuja na kanga mbili akidhani atakaa kidogo. Kahawa ya Kamuli imechanua na kuvunwa, imechanua tena, naye bado yuko hapa anakama, anachota maji, anamgeuza mama kitandani ili mgongo usichubuke. Kaka yake Jasson, mnunuzi wa mazao pale Nkwenda, hupiga simu kuuliza hali, akishajibiwa anashukuru Mungu na kukata.

Sasa, Bibi Joanitha ana nchi yake. Aliitunga akiwa msichana, alipokuwa akichunga ng'ombe wa baba yake huko kwenye majani marefu, na iko nyuma ya kilima cha mwisho unachoweza kukiona. Kwa hiyo inaitwa Nyuma. Ng'ombe wa Nyuma hawaugui ndigana, na nchi nzima haina mwenyekiti wa kijiji. Ina kalenda yake pia, ambayo haijali mwezi wa angani. Kuna Mwezi wa Ndama, kuna Mwezi wa Senene ambao hakuna anayepika kitu kingine, kuna Mwezi wa Vumbi, na wa mwisho ni Mwezi wa Lango. Mwezi huo miti inayofunga malango ya mazizi huondolewa kote, na kila aliyechoka, awe ng'ombe awe mtu, hutoka akaenda anakotaka wala haitwi. Tena huko Nyuma mwezi hauanzi wenyewe. Lazima mtu wa nyumba asimame langoni asubuhi, kabla maziwa hayajanywewa, autangaze kwa sauti. Asipoutangaza, ule wa zamani unaendelea.

Alipokuwa mzima bibi alitangaza mwenyewe, nasi tulimcheka, kisha tukamzoea. Alipolazwa na nyonga, kazi hiyo akamkabidhi binti yake. Alimwambia vumbi likiisha amtangazie Lango, maana amelisubiri sana.

Kyomugisha akaelewa kama tulivyoelewa sote: mama anataka kwenda zake. Akampigia Jasson. Jasson akamwambia asithubutu, akitangaza tu atakuwa amemuua mama yao kwa mdomo wake. Alisema hayo akiwa dukani Nkwenda, Kyomugisha akisikia mizani inalia nyuma yake.

Basi Mwezi wa Vumbi ukagoma kuisha. Mvua zikaja zikapiga bati, ng'ombe wakatota, mimi nikapanda maharage yakaota, na kila asubuhi bibi aliuliza huko Nyuma ni mwezi gani, naye Kyomugisha akajibu kutoka langoni kwamba ni Vumbi, mama. Bibi akasema vumbi la mwaka huu lina matope. Siku nyingine aligeuza tu uso ukutani.

Tukitoka kisimani Kyomugisha aliniambia kwamba anaogopa asubuhi. Kuna siku tangazo linampanda mpaka kooni, na si kwa kumhurumia mama, ni ili yeye apate kulala. Akalia kwa aibu, ndoo ikiwa kichwani. Nilimwambia kuchoka si dhambi, nikampokea ile ndoo.

Asubuhi moja nilipita kuwajulia hali. Nilimkuta Kyomugisha amelala akiwa ameketi ukingoni mwa kitanda, kikombe kimeinama mkononi na maziwa yote yamemwagikia blanketi la mama yake. Bibi alikuwa macho, amelowa kifua kizima, na hakujisogeza asije akamwamsha. Nilimwamkia shikamoo kwa kunong'ona, akaitikia kwa kichwa. Nilipojaribu kukitoa kile kikombe, Kyomugisha akazinduka, akaliona blanketi. Alitoka kwenye umande bila kandambili, akaenda langoni, nikamsikia sauti ikimkatika.

"Mwezi wa Lango umeingia, mama. Nisamehe."

Akarudi akapiga magoti kando ya kitanda. Nami nilisimama pale nimeganda, nikidhani nitashuhudia mtu akikata roho. Bibi akasema atolewe blanketi kwanza, linamtia baridi. Kisha akamtazama binti yake.

"Sasa funga nguo zako. Mumeo anakungoja Kamuli."

"Si ulisema ni wewe uliyekuwa unausubiri, mama?"

"Nausubiri ili utoke wewe. Mimi niende wapi na nyonga hii? Humu ndani aliyechoka ni nani?"

Kyomugisha akalia kwa sauti, kilio cha mtoto kabisa. Alisema hawezi, kwamba akiondoka mama atakufa naye yuko mbali, na hilo hatajisamehe. Bibi akamwekea mkono kichwani. Akamweleza taratibu kwamba Mwezi wa Lango hauishi mpaka kila aliyetoka arudi, na katika mwezi huo, huko Nyuma, hakuna mtu anayekufa. Ndiyo sheria. Kyomugisha alimsikiliza mpaka mwisho, akajifuta uso kwa kanga, akauliza zilipo kandambili zake.

Jasson nilimpigia mimi mwenyewe, na sikumpa nafasi ya kumshukuru Mungu. Nilimwambia aje na buti za mpira. Alifika mchana amenuna, na bodaboda iliyomleta ndiyo iliyomchukua dada yake kwenda Kamuli.

Jioni, Jasson akiwa jikoni anapigana na moshi, nilikuwa namgeuza bibi. Nikamuuliza mbona miaka yote ile hakuwahi kututajia hiyo sheria ya kutokufa.

Akasema ameitunga leo asubuhi, na kwamba nisije nikamwambia Kyomugisha.