Habari Mbaya Hungoja Pazia

Nimemvalisha mwigizaji Clifford Entwistle nguo za jukwaani miaka ishirini na sita, kwa hiyo msiniletee maneno ya magazeti. Wao wanamjua yule mwenye bucha aliyemwigiza kwenye televisheni tu. Mimi namjua kijana wa Burnley, mama yake wa kiwanda cha pamba, aliyeanza kazi kwa kuigiza maiti. Wiki nzima kalala jukwaani, Alhamisi akapiga chafya. Watu walicheka mpaka basi!

Miaka ya njaa alilishwa na mkewe, Nesta, kwa cherehani yake. Televisheni ilipomchoka akarudi jukwaani, kwenye ukumbi wetu wa Oldham, mzee wa miaka sitini na tisa. Nesta naye yuko hospitali, mapafu yamekwisha.

Jumamosi ile, kabla ya onyesho la mchana, namfunga tai, akaniambia, "Doreen, wakipiga simu, niambie hapo hapo. Sitaki afe peke yake."

"Haya, nimesikia. Simama wima, mzee, shingo yenyewe kama ya kuku."

Simu ikaja sehemu ya pili imeshaanza. Nesi akasema, "Aje sasa hivi. Anamuulizia."

Clifford akatoka jukwaani kubadilisha koti. Ana dakika moja tu.

"Wamepiga?"

"Bado."

Nilidanganya, Mungu anisamehe. Kwetu sisi mwigizaji hapewi habari mbaya mpaka pazia lishuke. Mama yangu, mvalishaji kama mimi, wakati wa vita alikuwa akificha telegramu za vifo ndani ya aproni. Nami nikajiambia, dakika arobaini tu, Nesta atangoja. Ukumbi umejaa, na vichekesho vyote vya mwisho ni vya Clifford.

Pazia liliposhuka nikamwambia. Akakimbia na rangi usoni. Nesta alikuwa ameshakata roho, robo saa tu kabla hajafika.

Siku ya mazishi watu wanakunywa chai sebuleni. Nikamvuta jikoni.

"Cliff, nilikudanganya. Ulipotoka kubadilisha koti walikuwa wameshapiga. Nitukane, nipige, fanya utakalo."

Akaweka kikombe chini. Hakunitazama.

"Nilijua."

"Ulijuaje?"

"Vifungo vya koti vilikushinda, Doreen. Miaka yote hiyo, sijaona mikono yako ikitetemeka. Ningeweza kuuliza tena." Machozi yakaanza kumtoka. "Lakini niliwasikia watu kule mbele wakicheka, nikarudi kwao."