Nilifyeka migomba ya baba huku nikisoma kitabu kuhusu akili

Pu. Pu. Pu.

Sauti hiyo ndiyo iliyoniamsha asubuhi yangu ya kwanza nyumbani Lufingo, wakuu, kabla sijaona hata mkono wangu kwa ukungu.

Nawasalimu wote. Majina nimebadilisha. Kwa mengine sikuongeza kitu, maana ningeongeza ningejipendelea.

Sauti ile ilikuwa ya baba, akipita migombani na kupiga kila shina kwa kiganja, akinong'ona.

Nilikuwa nimetoka Dar na riwaya niliyoshindwa kumaliza kuiandika, pamoja na kitabu kimoja nilichokinunua kwenye meza za vitabu vya mitumba. Mwandishi wake ni mwanafalsafa wa ng'ambo anayeandika kuhusu akili na ile sayansi ya utambuzi inayochanganya ubongo, lugha na kompyuta.

Hoja yake: akili haiishii kwenye fuvu. Mtu msahaulifu akiandika mambo yake kwenye daftari na kulitegemea kila siku, daftari lile ni sehemu ya akili yake. Ukilichoma, hujachoma karatasi.

Nilikipenda mno, na sikuwa na mtu wa kuongea naye. Mvua inanyesha, watu wako mashambani, mimi na kitabu. (Upweke ule niliufurahia kidogo, niseme kweli. Nilijiona mwandishi.)

Mwisho nikamsimulia baba.

"Huyo mzungu ana migomba?" akauliza.

"Sidhani, baba."

"Sasa akili yake anaiweka wapi?"

Nikacheka. Wakuu, nilicheka!

Miaka ile soko la chai lilikuwa limefunguliwa. Wanunuzi binafsi walipanda milimani wenyewe, na majirani waling'oa migomba mizee ili wapande chai. Nikamshauri baba tufanye hivyo nyuma ya nyumba. Hakubisha. Alisema tu, "Wewe ndiye uliyesoma."

Siku aliyokwenda msibani Makandana nikaifyeka yote, na visiki nikavichimbua.

Jioni nikanawa matope, nikausoma tena ule ukurasa wa kitabu unaohusu daftari. Nikaupigia mstari.

Asubuhi yake sikusikia kitu. Nilimkuta baba amesimama nyuma ya nyumba, kiganja kimeinuliwa, hakuna cha kupiga.

Baada ya wiki chache akaanza kuniita Gwakisa, jina la kaka yangu aliyefariki. Akauliza mama amechelewa wapi. Mama tulimzika nikiwa darasa la tano.

Dada yangu Atupele akaja kutoka Ibighi. Alipoona uwanja mtupu akakaa chini kwenye udongo.

"Kaka, umefanya nini? Shina la pembeni lilikuwa mama. Lile lililoinama, Gwakisa. Kila aliyezaliwa na kila aliyeondoka, baba alimpandia lake. Anawasalimu wote, ndipo anajua siku inaanzia wapi."

"Mbona hakuniambia?"

"Uliuliza? Msomi mzima, akili ya mzungu unajua iko wapi, ya baba yako hujui!"

Hospitali walisema ni uzee tu, ungemfikia hata kama migomba ingekuwepo. Nimejaribu sana kuamini hivyo.

Niliomba machipukizi kwa majirani, nikayapanda palepale, kwa mpangilio aliokumbuka Atupele. Baba akayapitia moja moja, akayagusa kwa adabu.

"Hawa siwafahamu," akasema.

Nilichojifunza ni kwamba hoja niliijua, mtu sikumjua. Kabla hujaondoa kitu cha mzee wako, hata kiwe kimechakaa vipi, muulize anakitumia kukumbuka nini.

Wenye wazazi waliofika huko, semeni mnaishi na hali hiyo vipi. Na mliosoma falsafa, nina swali moja ambalo kile kitabu hakikunijibu: daftari likishaungua, linaweza kuandikwa na mkono wa mtu mwingine? Andikeni hata kama ni kunisema. Nitasoma yote.

Siku ya kurudi Dar, baba alinisindikiza mpaka kizingitini. Akanishika mkono kwa mikono yake miwili, vile anavyoagwa mtu wa mbali.

"Ndaga fijo, mgeni. Asante kwa kututembelea. Kwenu wasalimie. Mwambie baba yako amekulea vizuri."

Nikasimama kwenye ukungu, nikingoja angalau aniulize jina.

Akaufunga mlango polepole, ili mgeni asidhani amefukuzwa.