Sahani za Bibi Jirani

Rafiki yangu, juzi nilipita Akalla, mtaa nilikokulia, bila shughuli yoyote. Nilishuka kituo cha mwisho, nikazunguka majengo yetu ya zamani, nikashindwa hata kukaa kwenye benchi. Dirisha la ghorofa ya chini lina mapazia mapya. Hapo ndipo alipoishi bibi jirani, Mjerumani aliyewahi kuzungusha sahani kwenye televisheni.

Usinicheke. Wakati huo televisheni ya kwao ndiyo kwanza inaanza, naye alikuwa binti mwenye fimbo ndefu na sahani ikizunguka juu ya kila fimbo. Vipindi vilirushwa moja kwa moja na hakuna kilichohifadhiwa. Studio ilikuwa na mataa yenye joto kali na mafundi waliokatazwa hata kukohoa. Akimaliza, kimya, anatabasamu mbele ya kamera, anaenda kupanda basi. Baadaye wenye televisheni wakataka waimbaji, wakamwacha. Akaolewa huku Sweden, akafua mashuka ya hospitali hadi uzeeni. "Sijawahi kusikia makofi," aliniambia, akitembea jikoni hadi sebuleni, maana kutulia hakukujua. Nyumba yake ilinuka kahawa na kabichi ya siki.

Nikamweleza mama. Mama yangu, Mrundi asiyevumilia kuona mtu akitamani kitu kimyakimya, akaamua bibi aje kwenye sherehe ya kipaimara changu. Nilimjibu kwa Kiswidi, kama kawaida yetu watoto, kwamba bibi ni mzee mno.

"Mwambie alete sahani zake," akasema mama. "Watu watampigia makofi mpaka yeye mwenyewe achoke."

Ukumbi wa mtaa ulijaa, ukanukia maharage, ndizi na samaki wa kukaanga. Bibi alichomeka fimbo zake, sahani zikaanza kuzunguka. Akina mama wakapiga vigelegele, na kwetu mtu akikufurahisha hungoji amalize, unainuka kumtunza pesa. Mama akaja akicheza, akambandika bibi noti kwenye paji la uso, na nyuma yake foleni nzima. Bibi, ambaye hakuwahi kusogelewa na mtu kazini, akashtuka. Sahani moja ikaanguka, ikavunjika. Foleni ikasimama. Nilitamani ardhi inimeze.

Bibi akatazama vipande, akamtazama mama. Kisha akaziacha zote zilizobaki zianguke, akamshika mama mikono, wakacheza pembeni. Hapo makofi yakaanza, na hayakuisha upesi. Bibi alilia waziwazi. Na mimi nililia.

Alifariki majira ya baridi yaliyofuata. Nimemtafuta mtandaoni hadi macho yameniuma, hayupo popote. Nasi siku ile ya sherehe hatukurekodi chochote, tulikuwa tunacheza. Nikashikwa na hofu kwamba nimebaki peke yangu na habari zake, nikampigia simu mama, ambaye siku hizi anaishi mji wa Märsta.

"Yule Mjerumani? Namkumbuka sana," akasema. "Alijua kucheza yule!"

"Na sahani zake, mama?"

"Sahani gani, mwanangu?"