Mpiga Ngoma Nyuma ya Mfalme

Naikumbuka Jumapili moja, mwanangu, tulivyojazana baada ya misa katika ukumbi wa parokia hapa Likasi kutazama sinema. Nilikuwa kijana, fundi umeme kiwandani, na mashine ya sinema niliiendesha mimi. Padri alinipa filamu kuukuu ya enzi za Wabelgiji, isiyo na sauti: mfalme wao akipokewa, kofia yake ina manyoya, machifu wetu wanainama.

Ghafla Mama Kayumba, mjane jirani yetu, akasimama na kupiga vigelegele. Ukumbi mzima ukapiga makofi. Mkumbo hauulizi njia.

Kumbe nyuma alikaa mtu wa chama tawala. Miaka ile, mwanangu, nchi ilikuwa na mkubwa mmoja tu. Kumshangilia mwingine kulitosha mtu apakiwe kwenye jeep ya askari, na wengine hawakurudi. Mtu yule akaja mbele, abakosi, lile koti la watu wa chama, limefungwa hadi shingoni.

“Mama, unashangilia mufalme gani?”

Makofi yakakatika. Waliokaa benchi moja na Mama wakajisogeza kando. Mimi nilitamani kuruka dirishani.

Mama akajibu: “Mutoto yangu, miye sikuona mufalme. Nimeona bwana yangu, iko anapiga ngoma kule nyuma. Alikufia mu mugodi. Hata foto yake siko nayo.”

“Rudisha nyuma,” mtu wa chama akaniamuru.

Nikairudisha filamu. Mfalme akapita tena, na nyuma yake, kitambo kidogo tu, kijana mwembamba akipiga ngoma huku anacheka. Mama akamwita jina. Mtu wa chama akatazama. Nilingoja aite askari.

“Kaa chini, mama,” akasema taratibu. Akaichukua ile filamu, akaondoka nayo. Hatukuiona tena. Kwa miezi, kila jeep ilipopunguza mwendo mtaani kwetu, nilizima taa.

Nilipomsindikiza Mama, nilimuuliza kwa nini hakukana kwamba alishangilia.

“Ningekana, ningemuzika mara ya pili. Na weye, ulikuwa unaangalia nani?”

Nilikuwa nimemtazama mfalme tu.

Mwanangu, wakubwa wakipita kwa shangwe, watazame waliosimama nyuma yao. Hao ndio ndugu zako. Kuogopa si dhambi. Sikudanganyi, wapo waliosema kweli wakapotea. Lakini usimkane mtu wako kwa sababu ya woga. Mungu akukinge na hasira za wenye nguvu, na siku utakayosimama peke yako, wa benchi lako wasijisogeze kando.