Kiganja Mbele ya Taa

Machi 1974 jina la mzee huyu lilitokea kwenye filamu kwa mara ya kwanza, mjini Madrid, chini kabisa ya orodha ya wasaidizi wa kamera. Leo ndiye mkuu wa picha, anayepanga kamera na taa zote, na bado haamini kipimo cha mwanga mpaka aweke kiganja chake pale uso wa mwigizaji utakapokuwa. Mwigizaji Eulalia, aliyerudi kazini baada ya kuugua, amegoma kukaa mbele ya kamera: taa imefunikwa karatasi ya manjano, na waigizaji wa hapa huiogopa rangi hiyo kama mkosi.

"Ondoa hiyo, mzee! Unanitafutia balaa?"

"Bila hiyo utaonekana mgonjwa, mpenzi." Anaingiza kiganja kwenye mwanga, mikunjo inalainika. "Haya, hiyo ni manjano au rangi ya mkate?"

"Mwongo mkubwa wewe."

Eulalia anakitazama tena kile kiganja. Kisha anaketi, na kamera inawashwa.