Kikaango cha Baba Kilichokaa Nje

Kikaango cha baba kilining'inia nje, kwenye msumari wa upenuni, tangu nikiwa darasa la sita. Jikoni kwa mama hakikuingia hata siku za mvua. Chini yake, juu ya tofali, kulikuwa na sahani ya bati na kikombe, navyo vya baba peke yake. Mgeni akiuliza, mama alisema ni vyombo vya kuku.

Chanzo kilikuwa kambi ya Wachina. Walipokuja kujenga barabara ya lami walipiga kambi karibu na kijiji chetu, si mbali na Kitomanga, na baba, mkulima wa korosho na ufuta kama kila mtu, akapata kazi jikoni kwao. Nyama hakugusa, ilikuwa na mpishi wake. Yeye alipewa unga. Akajifunza kukaanga mikate yao ya vitunguu majani, na siku za mapumziko akaanza kutupikia nyumbani, huku akijisifu utadhani karudi kutoka ng'ambo.

Siku moja akaja na kichupa cha mafuta meusi, maandishi yake hakuna wa kuyasoma. Mama akakifungua, akanusa, akakiweka chini.

"Haya ya nguruwe."

"Ya ufuta," baba akasema.

Mama akacheka kicheko kibaya. Ufuta! Yeye aliyeupalilia akiwa na mimba yangu, leo aje kufundishwa harufu ya ufuta? Baba akaapa. Mama akamwambia asimtaje Mungu na uchafu ule mkononi, akaenda kuyamwaga chooni.

Kisha akaosha. Kwetu najisi ya nguruwe huoshwa mara saba, moja kati ya hizo kwa udongo, na mama si mtu wa kufupisha mambo. Aliosha kikaango, sahani, kikombe na shati la baba la kazini, anahesabu kwa sauti. Hata hivyo roho yake haikutulia, ndipo vyombo vikahamia nje. Wazazi wangu walikuwa wakila sinia moja, mama akimsogezea baba mnofu wa samaki na kujibakishia kichwa. Kuanzia siku ile hawakula tena pamoja. Hawakuachana wala hawakununiana. Walilala chumba kimoja na kulima shamba moja. Lakini chakula kikiiva, baba alikwenda upenuni kuchukua sahani yake. Barabara ikaisha, Wachina wakaondoka, na sahani zikabaki mbili.

Mimi nina la kujilaumu. Nilikuwa nimeshaila mikate yenye mafuta yale, aliyoniletea baba kutoka kambini, nikaila nyuma ya nyumba, mara mbili, na ilikuwa mitamu. Mama alipouliza nani mwingine ameonja, nilitikisa kichwa, maana niliogopa kusuguliwa mdomo kwa udongo. Baba alinitazama, na hakunitaja.

Mwaka huu baba akapata kiharusi. Mkono wa kulia ukafa na maneno yakabaki ya kuhesabika. Kula kwa mkono wa kushoto hataki. Sheikh mwenyewe alikuja kumwambia kwamba mgonjwa ana ruhusa, baba akageukia ukutani. Mama alipomsogezea tonge kwa mara ya kwanza, alifumba mdomo. Alipomsihi, akasema kwa shida, "Utanajisika."

Neno lile lilimtoa mama nje, akakaa kwenye kizingiti mpaka adhana ya alasiri. Tangu hapo baba alikuwa wa uji kwa mrija, basi. Mimi nakaa Lindi mjini, nakwenda kuwaona kila Jumamosi, na kila Jumamosi nilikuta shingo yake imezidi kuwa nyembamba. Daktari alisema wazi: asipokula chakula cha kushiba, hatufiki naye mbali.

Jumamosi moja nilimkuta peke yake kwenye mkeka upenuni. Mama alikuwa ameenda msibani kijiji cha pili. Nikamwamkia, akaitikia kwa kichwa. Nikamuuliza, nusu kwa kukata tamaa, "Baba, roho yako inataka nini?"

Alitazama juu, kwenye kikaango. "Mikate."

Nilikishusha na kukisugua kutu. Unga ulikuwepo, na vitunguu majani vilikuwa vimejiotea karibu na bafu. Mafuta meusi ndiyo hayakuwepo. Baba akanyoosha kidole cha mkono wa kushoto kuelekea chumbani kwao, iliko chupa ya mama ya ufuta wa mbegu. Mbegu ya msimu ujao, ambayo hata panya akiigusa mama husimulia mwezi mzima! Nikamwaga nusu chupa kwenye kikaango.

Sisi tukikaanga ufuta wa kashata tunauepua ungali mweupe. Nilitaka kuepua, baba akatikisa kichwa. Nikakaanga tena, akatikisa tena. Ulipokuwa rangi ya kahawa ndipo akapiga mkeka kwa kiganja, maana yake sasa. Nikautwanga kwenye kinu mpaka ukatoa mafuta, nikauchanganya na mafuta kidogo ya kupikia.

Unga nao alinisimamia hivyohivyo. Maji ya moto kwanza, nikoroge kwa mwiko, kisha ya baridi ndiyo nikande. Uache ulale. Mimi kusubiri sijui, na donge la kwanza nililisukuma kwa hasira mpaka likapasuka na vitunguu vikamwagika. Nikatukana unga. Baba akacheka kwa upande mmoja wa mdomo, kicheko cha kwanza tangu augue. Donge la pili nikaenda taratibu: nikalisukuma jembamba, nikalipaka ule ufuta, nikanyunyiza chumvi na majani, nikalikunja kama mkeka, nikalizungusha kama ngata ya kubebea ndoo, nikalikandamiza na kulisukuma tena. Likaingia kikaangoni. Harufu ikapanda, nzito, ile ile ya kichupa.

Mama alikuwa anaingia uani. Akasimama na khanga yake ya msibani kichwani.

"Umetia nini humo?"

"Ufuta, mama."

"Nimekuuliza umetia nini!"

Nikamwonyesha kinu. Alichovya kidole, akanusa, akalamba. Akaingia ndani, akatoka na chupa yake iliyobaki nusu. Nilijua nimekwisha. Lakini hakugomba.

"Huu wa kwangu? Wa shamba la bondeni?"

"Huohuo. Umekaangwa sana tu."

Akakaa chini, chupa mapajani. Miaka yote ile aliulima, akaupalilia, akauvuna, akaupeleka ghalani, na harufu yake ukiungua hakuijua. Alimtazama baba. "Kumbe ulikuwa ufuta."

"Ufuta," baba akajibu, bila kujivuna hata kidogo.

Mimi nikaanza kulia, nikasema na mimi nilikula, nilimwacha baba aonekane mwongo peke yake. Mama hakugeuka. "Nyamaza wewe, mkate unaungua." Na kweli ulikuwa unaungua.

Nilikaanga mwingine. Mama akaleta sinia la zamani, lile kubwa, akaupokea, akanawa, akakaa mkekani karibu kabisa na baba. Akasema bismillahi, akamega, akampelekea mdomoni. Baba akafumba mdomo.

"Baba watoto," mama akasema, "nilikuonea. Nisamehe."

Mama akautazama mkate ule mkononi mwake, akautia kinywani mwake mwenyewe. Akatafuna polepole, akameza. Akamega tena kwa mkono uleule, akampelekea. Baba akafungua mdomo.

Walikula mikate mitatu, tonge kwa huyu, tonge kwa huyu, na mimi nakaanga kwa macho yenye machozi na moshi. Katikati baba akatamka neno: "Chumvi."

"Mwanao huyo," mama akasema, akimfuta kidevu kwa ncha ya khanga. "Hata chumvi hajui kupima."

Walipomaliza nilichukua vyombo kwenda kuviosha, na kwa mazoea ya vyombo vya baba nikainama kuchota udongo. Mama akanishika mkono, akaninyang'anya kikaango. Alikiosha kwa sabuni mara moja tu, akakikausha kwa khanga yake, akaingia nacho jikoni.